Tuhesabu Gharama Kabla ya Kutia Sahihi: Bei Kamili ya Mkopo wa Nyumba

(Mada iliyotolewa na Mratibu wa Miradi kwenye semina ya kamati za fedha na mipango za sharika na mitaa kuanzia Bunju hadi Bagamoyo. Imefupishwa kidogo kwa ajili ya jarida hili.)



Tumeombwa tuzungumze juu ya mkopo wa nyumba, yaani mkopo ambao mtu hupewa na benki kwa kuweka nyumba au kiwanja rehani, kisha akaulipa kidogo kidogo kila mwezi kwa miaka mingi. Kila rejesho hulipa riba pamoja na sehemu ya deni lenyewe, mpaka mwisho deni linakwisha na hati inarudi kwa mwenyewe.

Hatukuja kumkataza mtu kukopa, wala kuisema vibaya benki yoyote. Tumekuja kufanya hesabu pamoja.

Kwa nini jambo hili, na kwa nini sasa

Ukanda wetu umebadilika. Zamani mji wa Dar es Salaam uliishia mbali na sisi. Leo nyumba zimefuatana kutoka Tegeta, Boko na Bunju hadi Mapinga, Kerege na Zinga. Shamba la minazi na mikorosho la jana, leo ni viwanja vyenye mawe ya mipaka. Vijana wetu walioajiriwa wanataka nyumba, na benki nazo zinatangaza mikopo ya miaka 15, 20, hata 25.

Matokeo yake kamati zenu zinapata maombi ya aina tatu. La kwanza ni la muumini anayetaka barua ya utambulisho ili akakope. La pili ni la familia ambayo imekwisha kopa na sasa inaomba msaada kwa sababu marejesho yameishinda. La tatu ni la usharika wenyewe, unaotaka kukopa ili kujenga nyumba ya mchungaji au nyumba za kupangisha. Katika maombi yote matatu tumeona jambo moja linalojirudia: watu wanajua rejesho la mwezi, lakini hawajui jumla. Ukimwuliza mtu nyumba yake imemgharimu kiasi gani, anataja kiasi alichokopa. Hicho siyo bei ya nyumba. Ni kiasi cha fedha alichokabidhiwa siku ya kwanza.

Rehani si neno geni Pwani

Wazee wa Bagamoyo wanajua kwamba mji huu ulikua kwa mikopo. Misafara ya karne ya 19 iliyokwenda Tabora na Ujiji iliondoka hapa na vitambaa, shanga na waya zilizochukuliwa kwa deni kutoka kwa wafanyabiashara wa mjini, na deni lililipwa msafara uliporudi na pembe za ndovu. Msafara uliochelewa au kupotea uliacha deni nyuma yake.

Ng'ambo ya pili ya bahari, Unguja na Pemba, wenye mashamba ya mikarafuu waliweka mashamba yao rehani. Bei ya karafuu ilipoanguka, madeni yalibaki palepale. Hali ilikuwa mbaya kiasi kwamba mwaka 1934 serikali ya Zanzibar ya wakati huo ilitunga sheria ya kuzuia mashamba yasihamie kwa wadai kiholela. Hivyo babu zetu wa pande zote mbili za mkondo huu wa bahari walijua tunalolisema leo: mali huweza kushuka thamani, deni halishuki nayo. Ndiyo maana wakasema, kukopa harusi, kulipa matanga.

Kwa nchi nzima, Benki ya Nyumba iliyoanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1970 ilifungwa mwaka 1995. Baada ya hapo kwa miaka mingi mtu wa kawaida alijenga kwa fedha zake za mfukoni. Mambo yalianza kubadilika ilipopitishwa sheria maalumu ya mikopo ya nyumba mwaka 2008, na mwaka 2010 ilipoundwa kampuni ya TMRC ambayo huzipatia benki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo hiyo. Wakati huo riba ilikuwa asilimia 22 hadi 24 kwa mwaka. Baadaye ilishuka, na kwa miaka ya karibuni riba za kawaida za mikopo ya nyumba zimekuwa kati ya asilimia 15 na 19. Hayo ni maendeleo ya kweli, na tunayapongeza. Lakini asilimia 18 kwa miaka 20 bado ni mzigo mkubwa, kama tutakavyoona.

Tufanye hesabu

Tuchukue mfano wa mume mwalimu na mke muuguzi wanaopanga Mapinga. Hawa ni watu wa mfano tu, lakini mnawajua wa namna hiyo. Wanakopa shilingi milioni 40 kwa riba ya asilimia 18 kwa mwaka, inayotozwa kwa salio linalopungua. Tumechagua asilimia 18 kwa sababu hesabu yake ni nyepesi: ni asilimia moja na nusu kwa mwezi.

Wakichukua mkopo wa miaka 20, rejesho lao ni kama shilingi 617,325 kila mwezi. Sasa tuangalie rejesho la kwanza linakwenda wapi. Asilimia moja na nusu ya milioni 40 ni shilingi 600,000. Hiyo ni riba ya mwezi wa kwanza. Kinachobaki kupunguza deni ni shilingi 17,325 tu. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hizo 17,325, hivyo riba nayo inapungua kidogo sana, na sehemu inayopunguza deni inaongezeka kidogo sana. Hivyo ndivyo mkopo huu unavyokwenda. Mwanzoni karibu fedha yote ni riba, na mwishoni karibu yote ni deni lenyewe. Hakuna udanganyifu hapo. Ni hesabu ya kawaida, na benki ikiulizwa itaitoa kwa maandishi.

Lakini tazameni matokeo. Baada ya miaka 5 ya kulipa bila kukosa hata mwezi mmoja, familia hii imetoa zaidi ya shilingi milioni 37. Deni limebaki kiasi gani? Milioni 38 na laki 3. Yaani milioni 37 zimelipwa, na deni limepungua kwa milioni 1 na laki 7 hivi.

Baada ya miaka 10, nusu ya safari, wametoa milioni 74. Deni lililobaki ni milioni 34 na laki 2 na zaidi. Nusu ya muda imekwisha, lakini nusu ya deni haijaisha. Deni halifiki nusu mpaka mwaka wa 17. Na mwisho wa miaka 20 watakuwa wametoa jumla ya shilingi milioni 148 na laki 1 na nusu. Kati ya hizo, milioni 40 ni mkopo na milioni 108 ni riba.

Kwa hiyo mtu akiwauliza nyumba yao imegharimu kiasi gani, jibu la kweli si milioni 40. Ni milioni 148, kabla hatujahesabu gharama nyingine.

Tumekaa na familia zaidi ya moja ambazo katika mwaka wa nne au wa tano zilitaka kuuza nyumba, ama kwa sababu ya uhamisho wa kazi, ama ugonjwa. Walidhani kwa kuwa wamelipa sana, wataondoka na kitu mkononi. Walipopewa salio la mkopo, baba akanyamaza na mama akalia. Hakuna aliyewaibia. Hakuna pia aliyewaonyesha jedwali la marejesho siku ya kwanza, nao hawakujua kwamba linaweza kuombwa.

Miaka ndiyo inayogharimu

Wengi wetu tukikaa mbele ya ofisa mikopo tunauliza swali moja: kwa mwezi nitalipa ngapi? Rejesho likionekana kubwa, tunaomba miaka iongezwe. Hapo ndipo gharama kubwa ilipo. Kwa mkopo uleule wa milioni 40 na riba ileile ya asilimia 18, mambo yanakuwa hivi:

Miaka 10: rejesho la mwezi shilingi 720,741, jumla milioni 86.5.
Miaka 15: rejesho la mwezi shilingi 644,168; jumla milioni 116.
Miaka 20: rejesho la mwezi shilingi 617,325, jumla milioni 148.2.
Miaka 25: rejesho la mwezi shilingi 606,972, jumla milioni 182.1.

Tulinganishe mistari miwili ya mwisho. Anayetoka miaka 20 kwenda miaka 25 anapata nafuu ya shilingi 10,353 kwa mwezi. Kwa nafuu hiyo anaongeza malipo ya karibu shilingi milioni 34. Huyo wa miaka 25, katika rejesho lake la kwanza, anapunguza deni kwa shilingi 6,972 tu. Sahani ya chipsi na soda.

Sasa tugeuze upande wa pili, maana habari njema nayo imo humohumo. Familia yetu ya mfano, iliyochukua miaka 20, ikiweza kulipa shilingi 700,000 badala ya 617,325, yaani nyongeza ya shilingi 82,675 kila mwezi, na benki ikakubali nyongeza hiyo iende kupunguza deni lenyewe, mkopo utakwisha katika miezi 131. Hiyo haifiki miaka 11. Jumla watakayokuwa wamelipa ni kama milioni 91.5 badala ya 148. Wameokoa zaidi ya milioni 56 na miaka 9 ya maisha yao.

Kwa wale wanaokopa kidogo, gawanyeni tu. Mkopo wa milioni 10 kwa masharti hayo ya miaka 20 una rejesho la shilingi 154,331 na jumla ya milioni 37. Kanuni ni ileile.

Aidha, muulize kama riba ni ya kudumu au inaweza kubadilika. Kama riba ya mkopo wetu wa mfano ingekuwa asilimia 20 tangu mwanzo, rejesho lingekuwa kama shilingi 679,500. Familia iliyokaza mkanda hadi tundu la mwisho kwa ajili ya 617,325 itaipata wapi tofauti hiyo?

Gharama ambazo hazimo kwenye rejesho

Mbali na riba kuna ada ya maombi, malipo ya mthamini, malipo ya mwanasheria, gharama za kusajili rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya moto na bima ya maisha ya mkopaji. Bima hizi si hasara. Mkopaji akifariki, bima ya maisha inaweza kuwaokoa mjane na watoto. Lakini nazo ni fedha, na baadhi hulipwa kila mwaka. Ziandikwe kwenye hesabu.

Vilevile kuna gharama za kumiliki. Kuna kodi ya pango la ardhi. Kuna kodi ya majengo, ambayo tangu mwaka 2021 hukatwa tunaponunua umeme wa LUKU. Na sisi wa Pwani tuna mtozaji wetu mwingine, nao ni upepo wa bahari. Chumvi hula mabati, hula nondo iliyofunikwa na zege jembamba, na mchwa humalizia mbao. Nyumba ya Mlingotini au Kaole haitasubiri mkopo uishe ndipo idai mabati mapya. Anayekopa miaka 20 ajue kwamba matengenezo makubwa ya kwanza yatamkuta bado analipa riba.

Zaidi ya hayo, tusikope kwa kutegemea bei ya kiwanja ipande. Mnakumbuka habari ya bandari ya Mbegani. Mkataba wa awali ulisainiwa mwaka 2013, bei za viwanja zikapanda. Mwaka 2019 mradi ukasimamishwa. Mwaka 2021 serikali ikatangaza nia ya kuufufua. Katika miaka hiyo yote, hakuna mkopo ambao riba yake ilisimama kusubiri bandari.

Je, basi mkopo wa nyumba haufai?

Hapana, hatusemi hivyo. Tutende haki kwa pande zote.

Kwanza, mwenye mkopo anakaa kwenye nyumba tangu mwanzo. Anayejenga kidogo kidogo anaendelea kupanga, na kodi ya pango nayo ni fedha isiyorudi. Pili, shilingi ya mwaka wa 20 si sawa na shilingi ya leo. Mshahara unaweza kupanda na rejesho likabaki palepale, hivyo mzigo ukawa mwepesi. Hilo ni kweli, lakini tusilitegemee mno. Katika miaka ya 1980 mfumuko wa bei ulifika karibu asilimia 30 kwa mwaka, na deni la shilingi liliyeyuka lenyewe. Tangu mwaka 2018 mfumuko wa bei nchini umekuwa chini ya asilimia 5 kwa wastani wa mwaka. Riba ikiwa 18 na bei zikipanda kwa 4, tofauti yote inatoka jasho la mkopaji.

Kwa hiyo mkopo unaweza kumfaa mwenye kipato cha uhakika, anayelipa kodi kubwa ya pango, mwenye akiba ya kutosha kuanzia, na anayeweza kulipa haraka kuliko mkataba unavyomtaka. Haumfai anayetumia nguvu zake zote kufikia rejesho la chini kabisa.

Kuna kinga inayojulikana kwa watumishi, kwamba makato yote yasimwache mtu na chini ya theluthi moja ya mshahara wake. Tunasikia watu wakisema, basi nikatwe hadi ibaki theluthi. Ndugu zangu, hiyo ni kinga ya mwisho, siyo lengo. Anayeishi kwa theluthi moja, mtoto akiugua atakimbilia mikopo ya mtaani ile inayoitwa kausha damu, ili apate kulipa mkopo wa benki. Tunashauri kinyume chake: madeni yote kwa pamoja yasizidi theluthi moja ya kipato cha nyumba.

Njia nyingine

Njia waliyoizoea watu wetu ni kujenga kwa hatua. Unanunua kiwanja, unakipima, unapata hati. Unapiga matofali. Unaweka msingi, unapandisha, unapaua, unahamia vyumba viwili, vingine baadaye. Njia hii ina kasoro zake: saruji inaganda stoo, nondo zinaibwa, na bei za vifaa zinapanda. Hata hivyo tuitazame kwa hesabu. Familia ileile ikitunza shilingi 617,325 kwa mwezi, inafikisha milioni 40 katika miezi 65, miaka mitano na miezi michache. Kama katika muda huo wanalipa pango la shilingi 150,000 kwa mwezi, ongeza karibu milioni 10. Ongeza na kupanda kwa vifaa. Bado ni mbali sana na 148.

Kati ya njia hizi mbili kuna ya tatu, nayo ni mkopo mfupi kwa hatua moja. Milioni 5 za kupaua, zikikopwa kwa asilimia 18 ileile kwa miaka 3, zina rejesho la shilingi 180,762 na riba yote haizidi sana milioni 1 na nusu. Milioni 5 hizohizo ndani ya mkopo wa miaka 20 zina riba ya milioni 13 na nusu. Riba ni moja, kilichobadilika ni miaka.

Wale wa SACCOS na VICOBA, angalieni namna riba inavyotozwa. Mkopo wa milioni 2 kwa mwaka mmoja, kwa asilimia 3 kwa mwezi ya kiasi cha mwanzo isiyopungua, unaonekana mdogo. Lakini ukiugeuza kuwa riba ya salio linalopungua, ni zaidi ya asilimia 5 kwa mwezi, kwa sababu unaendelea kulipia riba ya fedha uliyokwisha rudisha. Kabla ya kulinganisha riba mbili, hakikisheni zinapimwa kwa kipimo kimoja.

Neno la Mungu na desturi yetu

Katika Luka 14:28 Bwana wetu anamzungumzia mtu anayetaka kujenga, ambaye kwanza huketi na kuhesabu gharama. Anahesabu gharama yote mpaka kumaliza, si ya mwezi wa kwanza. Nehemia sura ya 5 inasimulia watu walioweka rehani mashamba, mizabibu na nyumba zao ili wapate nafaka na kulipa kodi. Nehemia hakuwalaumu wakopaji. Aliwakusanya wakuu, akataka mali zirudishwe pamoja na ile sehemu ya mia waliyokuwa wakitoza, ambayo wafafanuzi wengi huielewa kuwa ni moja kwa mia kwa mwezi. Na Martin Luther aliandika juu ya biashara na riba mwaka 1524, na mwaka 1540 akawahimiza wachungaji wahubiri juu ya jambo hilo. Kwa hiyo kamati inayojadili riba haijatoka nje ya kazi ya kanisa.

Jirani zetu Waislamu, ambao ndio wengi katika miji hii ya Pwani, wana mafundisho yao juu ya riba, na zipo benki zinazoendeshwa kwa misingi hiyo. Hata huko, bei ya jumla ndiyo ya kuuliza. Hili linatuhusu sote tunaochota maji kisima kimoja.

Mambo ya kuuliza kabla ya kutia sahihi

Tunaomba kila kamati ibandike maswali haya kwenye ubao wa matangazo:

1. Jumla ya fedha nitakayolipa hadi mwisho ni kiasi gani?
2. Naomba jedwali la marejesho. Baada ya miaka 5 nitakuwa nadaiwa kiasi gani?
3. Riba inatozwa kwa salio linalopungua au kwa kiasi cha mwanzo? Inaweza kupandishwa?
4. Nikilipa zaidi au nikimaliza mapema, kuna faini? Nyongeza itapunguza deni lenyewe?
5. Ada na bima zote ni kiasi gani, na zinalipwa mara ngapi?
6. Mkopo utakwisha kabla sijafikisha miaka 60 ya kustaafu?
7. Mwenzi wangu amelisoma jedwali hili?

Swali la saba si la mapambo. Sheria inataka ridhaa ya mwenzi wa ndoa kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani. Tunawaomba wachungaji wasitoe barua ya utambulisho kwa ajili ya rehani mpaka mume na mke wamefika pamoja, wakiwa na jedwali mkononi. Saini ya mama iliyochukuliwa jikoni huku ugali uko motoni si ridhaa.

Na marejesho yakianza kushinda, asijifiche mtu. Aende benki mapema kabla ya kuandikiwa. Sheria ya Ardhi humtaka mkopeshaji atoe notisi ya siku 60 kabla ya kuchukua hatua. Siku hizo ni za kuzungumza, kuomba mpango mpya, au kuuza mwenyewe kwa bei nzuri kuliko ya mnada. Zisiwe siku za kufunga tu na kusubiri muujiza.

Kwa sharika na kwa wafadhili

Wajumbe wa kamati, ardhi ya usharika iko chini ya Wadhamini waliosajiliwa wa kanisa. Usharika hauwezi kuiweka rehani kwa uamuzi wake wenyewe, na ni vema iwe hivyo, maana sadaka haina mshahara wa kudumu. Mavuno ya korosho na mananasi yakiwa mabaya, kikapu cha Jumapili kinakuwa chepesi, lakini rejesho halijui majira. Kama mnapanga kujenga nyumba ya mchungaji, leteni mpango wa hatua kwa hatua kwenye ofisi ya miradi kabla ya kuzungumza na mkopeshaji yeyote.

Ndugu wafadhili, mara nyingi mmetuuliza mchango wenu una uzito gani. Leo tuna jibu la tarakimu. Milioni 5 zikitolewa mapema, usharika ukapunguza kiasi ambacho ungekikopa kwa asilimia 18 kwa miaka 20, zinauondolea malipo ya milioni 18 na nusu. Milioni 5 hizohizo zikija kusaidia marejesho ya mkopo uliokwisha chukuliwa, zinalipa miezi 8 tu ya rejesho la mfano wetu, na mwanzoni karibu zote zinakuwa riba. Tunawaomba mtusaidie mwanzoni, kwenye msingi, upimaji na hati, kuliko mwishoni tunapotafuta kuokoa dhamana.

Tumeandaa karatasi ya hesabu kwa kila kamati, yenye mikopo ya milioni 5, 10, 20 na 40 kwa miaka mbalimbali. Mwenye hesabu wa kila mtaa achukue nakala mbili, moja ya faili na moja ya kumpa muumini aende nayo nyumbani. Katika mkutano wa robo mwaka ujao tutaomba kila kamati itueleze ni familia ngapi zimekaa na kuhesabu kabla ya kukopa, na ni ngapi zimepunguza miaka.

Mungu awabariki, azibariki nyumba zenu, zile zilizokwisha paliwa na zile ambazo bado ni msingi. Sasa tunakaribisha maswali.